Kisima Kabla ya Kisiwa: Maji Matamu ya Atoli za Pasifiki

Mtu akiitaja Kiribati, Tuvalu au Visiwa vya Marshall siku hizi, neno linalofuata huwa ni kuzama. Watu hupiga picha ya bahari inayopanda kidogo kidogo mpaka imeze mnazi wa mwisho. Picha hiyo siipendi, kwa sababu inaficha mapambano ambayo wenyeji wa visiwa hivyo wameyaishi kwa takriban miaka 2,000, tangu mababu zao walipotia nanga huko kwa mara ya kwanza. Kisiwa cha atoli, yaani cha mwamba wa matumbawe wenye umbo la pete, huacha kukalika siku kisima chake kinapogeuka chumvi. Ardhi inaweza kuwa bado ipo, minazi imesimama, samaki tele, na watu wakalazimika kuondoka. Imeshatokea zaidi ya mara moja, na hapa nitaeleza ni kwa nini.

Kwanza ukubwa wa mambo. Kiribati ni visiwa 33 katika makundi matatu, Gilbert, Phoenix na Line, vilivyotawanyika juu ya bahari ya takriban kilomita za mraba milioni 3.5. Nchi kavu yote ikikusanywa ni kilomita za mraba 811 hivi, yaani haifiki Pemba, na karibu nusu yake ni kisiwa kimoja tu, Kiritimati. Visiwa vya Marshall vina kilomita za mraba 181. Tuvalu, yenye visiwa tisa, ina 26.

Karibu vyote ni atoli. Mlima wa volkano huibuka baharini, matumbawe hujenga mwamba kuuzunguka, kisha mlima huanza kudidimia kwa uzito wake na kwa kupoa kwa sakafu ya bahari iliyo chini yake. Matumbawe hayawezi kuishi gizani, kwa hiyo huendelea kujenga kwenda juu kwa kasi ile ile mlima unavyoshuka. Mwisho mlima hupotea kabisa, ikabaki pete ya mwamba yenye bahari ya ndani katikati. Charles Darwin aliitoa hoja hiyo mwaka 1842, na wengi waliipinga. Kati ya 1896 na 1898 watafiti walitoboa mwamba wa Funafuti, Tuvalu, wakavuka mita 300 bila kukuta chochote isipokuwa matumbawe. Jibu kamili lilipatikana 1952 huko Enewetak, Visiwa vya Marshall, ambako keekee ilipita zaidi ya mita 1,200 za chokaa ndipo ikagonga jiwe la volkano.

Ila pete hiyo ya mwamba bado si kisiwa. Visiwa vyenyewe ni mchanga na vifusi vya matumbawe vilivyosukumwa na mawimbi juu ya mwamba, vingi vikiwa havina umri zaidi ya miaka elfu chache, baada ya bahari kushuka kidogo kutoka kimo ilichokuwa nacho awali. Kimo cha kawaida ni mita mbili au tatu juu ya usawa wa bahari. Upana ni mita mia chache. Hakuna mto, hakuna kijito, hakuna chemchemi. Mvua ikinyesha inazama mchangani palepale ilipoangukia, na hapo ndipo mambo yote yanapoanza.

Hesabu ya arobaini

Lita moja ya maji ya bahari ina uzito wa kilo 1.025 hivi, na ya mvua kilo 1. Tofauti ni gramu 25 tu, lakini maisha ya atoli nzima yameegemea juu ya gramu hizo. Maji ya mvua yakifika chini hayachanganyiki mara moja na ya chumvi yaliyojaa mwambani. Hukaa juu yake, na kwa uzito wake huyasukuma chini. Ukigawa 1 kwa 0.025 unapata 40. Maana yake, kila sentimita moja ya maji matamu iliyo juu ya usawa wa bahari hubebwa na sentimita 40 za maji matamu zilizo chini ya usawa huo. Kisima cha katikati ya kisiwa kikionyesha maji yaliyo sentimita 30 juu ya wastani wa bahari, hesabu inasema kuna mita 12 za maji matamu chini yake. Mholanzi Badon Ghijben na Mjerumani Herzberg ndio walioiandika kanuni hii, mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20, wakichunguza visima vya pwani za kwao.

Maji hayo huwa mengi katikati ya kisiwa na membamba kuelekea fukwe, kwa hiyo umbo lake ni la lenzi, na ndivyo wataalamu wanavyoyaita. Wanaovijua visima vya Shela huko Lamu, vinavyolisha mji kwa mvua iliyomezwa na matuta ya mchanga, wanalijua jambo hili kwa vitendo. Tofauti ni kwamba Lamu ina bara jirani. Atoli iliyo peke yake haina jirani wa kumwomba maji.

Hesabu ya arobaini inatoa picha ya juu zaidi kuliko hali halisi. Kupwa na kujaa hutikisa mpaka kati ya maji mawili mara mbili kila siku, hivyo hapana mstari safi. Kuna tabaka la mpito, ambalo chumvi yake huongezeka kadiri unavyoshuka, na mara nyingi tabaka hilo ni nene kama lile tamu lenyewe au zaidi. Halafu kuna mwamba wa kale. Mita 10 hadi 25 chini ya mchanga wa visiwa vingi kuna chokaa ya zamani zaidi, iliyowahi kuwa nchi kavu wakati wa enzi za barafu, ikatobolewa na mvua mapango na mifereji. Bahari hupita ndani yake bila kizuizi. Lenzi ikifika hapo hukatwa, hata kama mvua ni ya kumwagika.

Ndiyo maana mtu wa atoli akitazama maji ya kisima chake huyaona yakipanda na kushuka pamoja na bahari, hata kisima kikiwa katikati kabisa ya kisiwa. Msukumo wa bahari haumfikii kutoka ufukweni kupitia mchanga. Unatoka chini, kupitia mwamba huo uliotobokatoboka, na humfikia kwa kuchelewa kidogo na ukiwa umepungua nguvu.

Sasa upana. Kisiwa chenye upana wa chini ya mita 250 hadi 300 kwa kawaida hakishiki lenzi ya kudumu. Kitakuwa na maji ya kuosha vyombo baada ya mvua, na miezi mitatu ya jua itayafuta. Na uhusiano wa upana na maji si wa sawa kwa sawa: kisiwa kikipungua upana kwa theluthi, lenzi hupungua kwa zaidi ya theluthi, kwa sababu kimo cha maji katikati kinashuka na kila sentimita inayoshuka inaondoka na arobaini zake. Hili ndilo linalonitia hofu kuhusu mmomonyoko. Wanaopima picha za angani wamegundua kwamba visiwa vingi vya atoli havijapungua eneo kwa miongo kadhaa iliyopita, vingine hata vimeongezeka, kwa sababu mawimbi yaleyale yanayokula upande mmoja hutupa mchanga upande mwingine. Ni habari njema ya kweli. Lakini mchanga mpya ulioongezwa kwenye ncha nyembamba hauleti maji, na mita chache zilizoliwa kiunoni mwa kisiwa huyaondoa.

Hata ndani ya kisiwa kimoja maji hayalingani. Upande wa bahari kuu mawimbi makali huacha vifusi vikubwa, na maji matamu hutoroka kati ya vipande vyake. Upande wa bahari ya ndani mchanga ni laini, hushika maji. Kwa hiyo lenzi huwa nene zaidi karibu na upande wa ndani, na vijiji vingi vya Gilbert viko upande huohuo. Utulivu wa maji kwa mitumbwi ulichangia, bila shaka, lakini kisima nacho kilikuwa na kauli yake. Mgawanyo wa ardhi vilevile unaendana na hali hii: Gilbert na Marshall zote, ardhi ya ukoo ilikatwa kwa vipande virefu kutoka bahari kuu hadi bahari ya ndani, kila ukoo ukapata ufuo, minazi, na kipande cha katikati chenye maji.

Kuchimba bila kuchokoza chumvi

Kisima cha atoli ni kazi ya kujizuia. Anayechimba kwa pupa hukiharibu siku ya kwanza.

Huchimbwa wakati wa maji kupwa, hasa maji ya bamvua, ili uone kiwango cha chini kabisa ambacho maji yatafikia. Ukishayafikia unashuka sentimita 30 hadi 50 nyingine, basi. Ukiendelea unaikaribia chumvi bila faida yoyote, maana maji matamu yako juu. Kuta hushikizwa kwa mawe ya matumbawe au pete za saruji, mdomo huinuliwa nusu mita juu ya ardhi na kufunikwa. Maji huchotwa kidogo kidogo, kutwa nzima, kwa ndoo au kwa pampu ya mkono. Kiribati ina pampu yake iliyobuniwa kwa mabomba ya plastiki, inayojulikana kwa jina la kisiwa cha Tamana, na uzuri wake mkubwa ni kwamba haina nguvu ya kuvuta kupita kiasi.

Shida huja na pampu ya mashine kwenye shimo moja. Ukiyashusha maji ya kisima sentimita 5 kwa kuvuta haraka, ile arobaini hufanya kazi kinyume: maji ya chumvi yaliyo chini yake hutaka kupanda mita 2 ili kurudisha mizani. Ukishusha sentimita 20, yanataka kupanda mita 8. Kwenye lenzi ya mita 6 hiyo ni hukumu. Chumvi huinuka chini ya pampu kama kichuguu, na ukizima pampu haiteremki kwa kasi iliyopandia. Yaweza kuchukua miezi.

Suluhisho lililofanikiwa ni kuvuta kwa upana badala ya kwa kina. Bonriki, upande wa mashariki wa Tarawa Kusini, mji mkuu wa Kiribati, ambako atoli ina upana wa karibu kilomita moja, yalitandazwa mabomba ya plastiki yenye matundu, kwa mlalo, kwenye mtaro uliochimbwa hadi chini kidogo ya kiwango cha maji. Bomba moja lina urefu wa mita 300 hivi, na katikati yake kuna kisima kimoja chenye pampu. Maji huingia kidogo kidogo kwa urefu wote, hakuna mahali yanaposhuka kwa zaidi ya sentimita chache, na chumvi inabaki usingizini. Bonriki na jirani yake Buota kwa pamoja zimekadiriwa kutoa takriban mita za ujazo 2,000 kwa siku bila kudhoofisha lenzi.

Pima kiasi hicho dhidi ya watu. Tarawa Kusini ina wakazi zaidi ya 60,000. Hata tone lisipopotea njiani, ni lita 30 na ushei kwa mtu kwa siku, kupikia, kufulia, kuogea na kunywa. Na matone hupotea, mengi sana, kwenye mabomba yaliyochoka. Juu ya lenzi ya Bonriki umejengwa uwanja wa ndege wa kimataifa. Ardhi iliyobaki ni mali ya koo, serikali huilipia kodi ili isijengwe, nao wenye ardhi wana haki ya kuuliza kwa nini wao ndio wazuiwe kujenga, kulima na kufuga nguruwe kwenye ardhi ya babu zao ili mji wote upate maji. Sioni jibu rahisi hapo. Maeneo mengine yaliyokuwa yakichotwa zamani, karibu zaidi na mji, yaliachwa kadiri nyumba zilivyosongamana juu yake.

Maana mchanga wa matumbawe hauchuji uchafu vya kutosha. Punje zake ni kubwa, udongo ni mwembamba, na maji yako mita moja au mbili tu chini ya miguu. Choo cha shimo kilichochimbwa vizuri kabisa kinafikia kwenye maji yaleyale anayochota jirani. Kanuni ya mita 30 kati ya choo na kisima, iliyozoeleka kwingineko, huku haitoshi kuleta usalama, na kwenye mtaa uliobanana haitekelezeki. Mwaka 1977 kipindupindu kiliingia Tarawa, na baada yake ndipo sehemu zake za Betio, Bairiki na Bikenibeu zilipojengewa vyoo vinavyosukumwa kwa maji ya bahari, ili maji matamu yasitumike kusukumia uchafu. Wazo zuri, ila chumvi hula pampu na mabomba, kwa hiyo gharama ya matengenezo haiishi.

Kujua kama kisima bado kinafaa hakuhitaji maabara. Kipimo kidogo cha mkononi kinachopima jinsi maji yanavyopitisha umeme kinatosha. Maji ya mvua huonyesha chini ya 100, ya bahari 50,000 hivi, na kwenye atoli kikomo cha kunywa huchukuliwa kuwa 2,500, kwa maikrosimensi kwa sentimita. Linganisha namba hizo mbili za mwisho: sehemu tano tu za maji ya bahari katika mia zinatosha kukifunga kisima.

Shimo la babai

Hakuna kilimo duniani ninachokiheshimu kuliko hiki. Babai ni jamii ya magimbi, lakini kubwa sana, yenye majani yanayompita mtu urefu. Tuvalu huitwa pulaka. Hutaka mizizi yake ikae majini, na maji hayo yawe matamu. Kwenye kisiwa kisicho na bonde wala kijito, watu wa Gilbert walilichimba bonde wenyewe: shimo la mita 2 hadi 3 kwenda chini, kwa kawaida mita 10 kwa 20 au zaidi, kupitia mchanga na tabaka gumu lililoshikamana, hadi sakafu yake iguse lenzi. Walichimba kwa magamba ya kombe na vijiti. Mengi ya mashimo hayo bado yanalimwa na vizazi vilevile.

Mche hupandwa kwenye kishimo kilichochimbwa sakafuni, chini ya kiwango cha maji. Kuuzunguka husukwa kikapu kisicho na kitako, cha majani ya mkadi au makuti, na ndani yake hujazwa majani makavu yaliyokatwakatwa, ya mshelisheli na ya mti waitao te uri, pamoja na udongo mweusi wa juu. Majani yakioza na kushuka, huongezwa mengine, mara kadhaa kwa mwaka, na kikapu huinuliwa kimo. Mbolea hii hulisha mmea huku ikikaa mahali pake. Mchanga wa matumbawe ni chokaa tupu na hunyima mimea chuma, ndiyo maana tangu mikebe ya vyakula ilipoingia visiwani, mikebe yenye kutu hufukiwa karibu na miti na mashimo. Gimbi la kula nyumbani huchukua miaka miwili mitatu. La sherehe, la kupelekwa kwenye maneaba, nyumba ya mikutano ya kijiji, na kuhesabiwa heshima ya ukoo, huachwa miaka kumi na zaidi. Mchanganyiko kamili wa majani na wakati wa kuutia ni siri ya familia, na haitolewi ovyo.

Yanayoharibu ni machache na ni makali. Chumvi ikiingia, kingo za majani hugeuka njano kisha hudhurungi, na gimbi huanza kuoza kwa chini kabla hujaona dalili nyingi juu. Shimo lililoachwa bila kufunikwa na majani ya mimea yake hupoteza maji kwa jua. Na kwa kuwa ndilo mahali pa chini kuliko pote kisiwani, wimbi likivuka ufuo, humo ndimo linamotulia.

Mvua inayokuja kwa zamu

Kutoka kaskazini hadi kusini mwa Gilbert mvua hubadilika kana kwamba umehama nchi. Butaritari, kaskazini, hupata karibu milimita 3,000 kwa mwaka, na ni kijani kibichi. Tarawa ni 2,000 hivi. Visiwa vya kusini viko kati ya 1,000 na 1,500, na Kiritimati, mbali mashariki, ni 1,000 au pungufu. Wastani wenyewe hausaidii sana, kwa sababu mvua hufuata El Niño na La Niña. Wakati wa El Niño maji ya joto husogea mashariki mpaka Kiribati, mawingu yakayafuata, mvua ikamwagika. La Niña huleta ukame. Msomaji wa Kenya au Tanzania ataitambua zamu hii: mwaka 1997 mvua za El Niño zilitufurikisha huku zikijaza lenzi za Gilbert, na La Niña iliyofuata ilikausha kaskazini mwa Kenya miaka ileile ambayo Kiribati ilikuwa kwenye ukame ulioanza 1998 ukadumu hadi 2001. Visiwa vya Marshall, vilivyo kaskazini zaidi, hufuata kalenda nyingine: ukame wao mkali huja El Niño inapoelekea ukingoni, kama mwanzoni mwa 1998 na mwanzoni mwa 2016.

Lenzi nene huvumilia ukame wa miezi sita kwa sababu imeweka akiba ya miaka. Nyembamba haiwezi. Wakati huo watu hurudia madafu na tembo tamu, ambalo Kiribati huitwa karewe, linalogemwa asubuhi na jioni kama wagema wa pwani yetu wafanyavyo, na kuchemshwa likawa asali nzito iitwayo kamaimai. Mnazi hustahimili chumvi kuliko mshelisheli au babai, ila nao una kikomo: madafu hupungua, kisha majani hukauka kuanzia chini.

Historia ya Visiwa vya Phoenix ni historia ya kikomo hicho. Wazungu walivikuta bila watu, lakini Manra na Orona vilikuwa na mabaki ya mawe ya watu waliowahi kuishi na kuondoka. Mwaka 1937 Harry Maude, ofisa wa kikoloni wa Uingereza, alivizunguka pamoja na wajumbe wa Gilbert kutafuta makazi ya watu wa visiwa vya kusini, vilivyobanana na kukaukiwa. Kuanzia 1938 familia zilipelekwa Manra, Orona na Nikumaroro. Walichimba visima, wakapanda minazi na babai, wakajenga. Miaka ya mvua ilienda vizuri. Ukame uliporudi visima viligeuka chumvi, na kufikia 1963 wote walikuwa wamehamishiwa Visiwa vya Solomon, maelfu ya kilomita magharibi. Visiwa hivyo vitatu vipo hadi leo, na havina mtu.

Banaba ni kisa tofauti, kwa kuwa si atoli. Ni mwamba wa matumbawe ulioinuliwa kama mita 80, na maji yake hayafikiki kwa kisima cha kawaida. Wenyeji waliyachota mapangoni, kwenye bangabanga, ambamo wanawake pekee ndio walioingia, wakitambaa gizani na vifuu vya kuchotea. Ukame wa miaka ya 1870 uliua sehemu kubwa ya watu wake. Mwaka 1900 iligunduliwa fosfeti, ukaanza uchimbaji uliodumu hadi 1979, na mwishoni mwa 1945 wenyeji wengi wakapelekwa Rabi, Fiji. Uchimbaji uliondoa udongo juu ya mapango yaleyale.

Funafuti ilipoteza maji yake kwa njia ya kijeshi. Mwaka 1942 na 1943 Wamarekani walijenga uwanja wa ndege kwenye kisiwa cha Fongafale, juu ya sehemu pana iliyokuwa na mashimo ya pulaka, na kwa ajili ya kifusi wakachimba mashimo makubwa yaliyojaa maji ya chumvi. Yalikaa wazi hadi 2015, yalipofukiwa. Mji huo leo hutegemea mvua ya paani.

Na mvua ya paani ina hesabu yake. Paa la bati la mita za mraba 100 likipata milimita 10 za mvua hutoa lita 1,000. Toa theluthi moja au moja ya tano kwa mlizamu unaovuja, maji yanayorukia nje na bati linalokauka, unabaki na 670 hadi 800. Nusu milimita ya kwanza, lita 50 kwenye paa hilo, hutupwa kwa sababu imebeba kinyesi cha ndege na majani. Familia ya watu 6 wanaotumia lita 20 kila mmoja humaliza 120 kwa siku, kwa hiyo tangi la lita 10,000 lililojaa huwafikisha siku 83. Ukame wa miezi sita unawakuta na siku mia za deni. Hivyo ndivyo Tuvalu ilivyofika mwishoni mwa Septemba 2011, serikali ikatangaza hali ya dharura na kaya za Funafuti zikapewa takriban lita 40 kwa siku, yaani ndoo mbili, mpaka mitambo ya kuondoa chumvi ilipoletwa. Niliyoyasoma kuhusu matangi mabovu yanafanana: tangi zima, paa zima, na kati yao kipande cha mlizamu cha mita mbili kilichodondoka hakikurudishwa. Gharama ndogo kuliko zote ndiyo inayokosesha watu maji.

Wimbi likivuka

Februari 2005 kimbunga Percy kilisukuma bahari juu ya Pukapuka, atoli ya Visiwa vya Cook. Maji yalikaa juu ya ardhi kwa muda mfupi, kisha yakazama. Chumvi, kwa kuwa ni nzito, ilishuka ndani ya lenzi kutoka juu, hasa kupitia mashamba ya magimbi yaliyo chini ya ardhi ya kawaida, na ikaacha maji ya kisima yasinyweke kwa karibu mwaka mmoja, ingawa huko hunyesha vizuri.

Kinachoiosha lenzi ni mvua pekee. Kosa la kwanza la watu wenye nia njema ni kuleta pampu na kukausha visima tena na tena wakidhani wanatoa chumvi. Kutoa maji mara moja, polepole, pamoja na tope na mizoga iliyoingia, ni sawa. Kuendelea kunainua chumvi ya chini ikutane na ya juu. Kinachofaa ni kukipima kila kisima mara moja kwa mwezi, kwenye kiwango kilekile cha bahari, kuandika namba, na kungoja ishuke chini ya 2,500 na ibaki hapo.

Mashimo ya babai huondolewa mimea iliyooza, majani yaliyoloa chumvi hutolewa, na kupanda huanza upya maji yanaporudi kuwa matamu, kwa miche ya shimo lililonusurika au ya kisiwa jirani. Maji yakirudi baada ya mwaka, na gimbi likihitaji miaka miwili mitatu, mavuno ya kwanza huja mwaka wa tatu au wa nne tangu wimbi, na kwa muda wote huo chakula ni mchele wa meli, shelisheli ikiwa miti yake haikufa, na samaki.